Kwao Bibi, Ng'ambo ya Mto Mara

Ukitoka Tarime mjini kwenda Mugumu, barabara inaacha vilima vya migomba na kahawa, inateremka hadi Nyamongo kwenye machimbo ya dhahabu, kisha inavuka Mto Mara. Mto huo unaanzia msitu wa Mau, Kenya, na kuishia Ziwa Viktoria. Ukishavuka umeingia Wilaya ya Serengeti.

Nimevuka daraja hilo tangu utotoni nikimsindikiza bibi yangu, Mwikoma aliyeolewa na Mkurya. Nilipoanza utafiti wa shahada ya uzamili nilimpelekea ramani na kumuuliza kwao hasa ni wapi. Hakuitazama. Alinyoosha mkono upande wa hifadhi, akasema, "Kule wanakopita nyumbu." Kwenye ramani yangu sehemu hiyo ilikuwa na rangi ya kijani, haina jina la kijiji hata kimoja.

Mkoa wa Mara una mistari mingi ya aina hiyo. Mwaka 1886 Waingereza na Wajerumani walikubaliana mpaka kutoka pwani hadi ziwani, nao ukapita katikati ya Wakurya. Wengine wakabaki Kehancha, wengine Tarime. Wakurya wenyewe walihesabu nchi kwa ikiaro, neno linalobeba ardhi na watu wake kwa pamoja. Wairegi na Wanyabasi mpaka leo wako pande zote mbili, na msiba ukitokea upande mmoja, wa upande wa pili huja kuzika.

Kusini mwa mto, Waikoma, Wanata, Waisenye na Wangoreme walilima na kuwinda. Hawakuishi kila mtu na lake. Waikoma wanatunza Machaba, pembe za ndovu ambazo mapokeo yao yanasema zilitoka kwa Watatoga, wafugaji waliokuwa jirani zao.

Miaka ya 1890 sotoka iliua ng'ombe Afrika Mashariki nzima. Ikafuata ndui, ikafuata njaa. Familia nyingi zilihama kutafuta chakula, baadhi zikakimbilia Usukuma. Mashamba yaliyoachwa yaliota vichaka, na vichaka vikaleta mbung'o. Wajerumani walipojenga ngome yao Ikoma, walikuta nchi iliyotoka kwenye maafa. Waliokuja baada yao waliona pori wakadhani limekuwa hivyo siku zote.

Hifadhi ya Taifa ya Serengeti ilianzishwa mwaka 1951. Mwaka 1959 Bernhard Grzimek na mwanawe Michael walitoa kitabu na filamu vilivyoijulisha dunia Serengeti, na filamu hiyo ikapata tuzo ya Oscar. Grzimek aliamini kuwa ndani ya hifadhi wasiishi watu. Mwaka 1994 yakaongezwa mapori ya akiba ya Ikorongo na Grumeti, magharibi mwa hifadhi.

Sisemi hifadhi ingeachwa. Bila ulinzi, nyumbu wale wangebaki wangapi? Binamu zangu wawili wanapata riziki kwenye kambi za watalii. Lakini baba yake bibi alikuwa mwindaji aliyeheshimiwa, na kaka yake bibi alipofanya kazi ileile, kwenye vichaka vilevile, aliitwa jangili na kufungwa. Katika maisha ya watu wawili tu, ufundi uligeuka kosa.

Siku ile bibi alinitajia chemchemi, mawe na vilima alivyovikumbuka. Niliandika majina yote kwa penseli, nikikisia mahali pake. Nilipokunja ramani akanishika mkono.

"Mjukuu wangu, usije ukaandika kwamba tulikuwa tunapita tu."

"Niandike nini, bibi?"

"Andika tulilima ulezi. Anayepita njia halimi ulezi."

Nimeiweka sentensi hiyo mwanzoni mwa sura ya pili. Msimamizi wangu ameniuliza chanzo chake, nami nimeandika: bibi.