Gazeti la Gadi wa Treni

Henry Muoria alizaliwa mwaka 1914 huko Kabete, kwenye vilima vya magharibi ya Nairobi, akaajiriwa na reli na kupanda cheo hadi kuwa gadi wa treni. Darasani hakukaa sana. Uandishi wa habari alijifunza kwa masomo ya posta kutoka Uingereza, akisoma na kuandika ndani ya behewa lake huku treni ikienda. Mei 1945, vita vikimalizika Ulaya, alitoa toleo la kwanza la Mumenyereri, gazeti la Kikuyu, na haukupita muda akauaga mshahara wa reli.

Hakuwa wa kwanza. Mwaka 1928 chama cha Kikuyu Central Association kilianzisha Muigwithania, mhariri wake akiwa Johnstone Kenyatta, msoma mita za maji wa manispaa ya Nairobi aliyekuwa na duka Dagoretti. Lilijaa mawaidha na methali, na kwa macho ya leo ni la upole mno. Hata hivyo lilizimwa chama kilipopigwa marufuku mwaka 1940.

Muoria alipata wakati mzuri zaidi. Askari walikuwa wanarudi kutoka vitani na kukuta kipande, kitambulisho cha lazima cha Mwafrika, kingali shingoni mwao na ardhi ingali mikononi mwa walowezi. Chama cha Kenya African Union (KAU) kilikuwa kimeundwa mwaka 1944. Kenyatta alirejea kutoka Uingereza Septemba 1946, na Juni mwaka uliofuata akachukua uongozi wa KAU. Muoria alizifuata hotuba zake, akazichapa gazetini na katika vijitabu. Aliyekosa mkutano wa Jumapili aliweza kuusoma.

Au kusomewa. Wakati gazeti lilipokuwa na nguvu zaidi, mauzo yake yalikadiriwa kuwa kama nakala 10,000, lakini hesabu ya nakala haisemi mengi. Nakala moja iliyobebwa kutoka mjini hadi Kabete au Dagoretti ilipita mikono mingi, na asiyejua kusoma alikaa karibu na anayejua.

Wengi huchambua tahariri zake. Mimi naona nguvu ya Mumenyereri ilikuwa zaidi katika matangazo: mkutano utafanyika wapi, siku gani, nani atazungumza. Chama kisichokuwa na redio wala fedha kilipata njia ya kuwakusanya watu wake. Baadaye maofisa wa serikali walidai kwamba mialiko ya chai iliyotangazwa humo ilikuwa hafla za kula kiapo cha Mau Mau. Baadhi ilikuwa hivyo. Lakini watu pia walinywa chai, na ofisa asiyejua lugha hangeweza kutofautisha chai na chai.

Serikali ilijaribu kulibana kupitia wachapaji. Mchapaji wa Kihindi aliyepokea kazi ya mhariri Mwafrika alijua kwamba kesi ikija, naye atasimama kizimbani. Mwaka 1950 sheria ya jinai ilirekebishwa, mtambo uliochapa maneno ya uchochezi ukaweza kutwaliwa. Hapo ndipo unapoona jinsi wakubwa walivyokuwa wakiliogopa gazeti la gadi wa treni: mhariri hufungwa na kurudi, lakini mtambo ukishatwaliwa hakuna atakayemchapia.

Gavana Evelyn Baring alipotangaza hali ya hatari, tarehe 20 Oktoba 1952, Kenyatta na wenzake walikamatwa usiku huo. Muoria alikuwa London. Wake zake walijitahidi kuliendesha gazeti, lakini likapigwa marufuku, pamoja na magazeti mengine ya Waafrika. Yeye alibaki huko huko, akafanya kazi ya gadi katika treni za chini ya ardhi, akaendelea kuandika hadi alipofariki mwaka 1997.

KAU nayo ilipigwa marufuku Juni 1953. Waafrika waliporuhusiwa kuunda vyama tena mwaka 1955, viliruhusiwa vya wilaya tu.