Riwaya ya mapenzi na swali la binti aliyefukuzwa

Riwaya ya mapenzi ya Kiswahili aghalabu haimalizikii kwenye harusi. Nyingi huanzia nyumbani kwa baba mkali, na huuliza: binti anapopotea, kosa ni la nani?

Mfano unaofahamika zaidi ni Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi, iliyochapishwa mwaka 1971. Rosa, msichana wa Ukerewe, analelewa na Zakaria, baba mlevi anayempiga kwa sababu ya barua ya mvulana. Akiwa mbali na nyumbani kwa masomo, uhuru ambao hakufundishwa kuutumia unamponza. Anatoa mimba, na hatimaye anajiua. Kitabu hicho kilipigwa marufuku shuleni kwa kuyaeleza mapenzi bila kificho, lakini baadaye kikawa cha kiada katika sekondari za Tanzania na Kenya.

Waandishi wa Zanzibar nao walilishika swali hilo. Katika Utengano (1980) ya Said Ahmed Mohamed, Maimuna anatoroka nyumba aliyofungiwa na baba yake. Katika Vuta N'kuvute (1999) ya Shafi Adam Shafi, Yasmin anamkimbia mume mzee aliyeozwa, kisha anampenda Denge, mpigania uhuru. Riwaya hiyo ilitengenezewa filamu mwaka 2021.

Sambamba na riwaya, hadithi fupi na za mfululizo zimewafikia wasomaji wengi kupitia magazeti. Eric Shigongo ni miongoni mwa waliojipatia jina kwa njia hiyo.

Swali la waandishi hao halihusu pwani na visiwa peke yake. Dongobesh, wilayani Mbulu, ni eneo la Wairaqw, ambao lugha yao ni ya Kikushi, na kijana wa huko hukutana na riwaya hizi kwa Kiswahili cha shuleni. Kwa mila za zamani za Wairaqw, msichana aliyepata mimba kabla ya ndoa alihesabiwa kuwa na mkosi, akafukuzwa nyumbani. Baadhi yao waliolewa na majirani zao Wadatoga. Msomaji aliyesikia habari hizo kwa bibi yake hahitaji kuelezwa kisa cha Rosa.

Shule nazo zilikuwa na desturi ya kumfukuza mwanafunzi mjamzito. Novemba 2021 Serikali ya Tanzania ilitangaza kwamba aliyeacha masomo kwa sababu ya ujauzito anaruhusiwa kurejea darasani. Rosa Mistika ilikuwa imetimiza miaka 50.