Penseli kama Chombo cha Utafiti: Kazi ya Jonathan Kingdon

Wengi wetu tuliosoma sekondari katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale tulichora panzi na ua kwa ajili ya mtihani wa biolojia tu. Mistari iwe safi, vivuli visiwepo, majina ya sehemu yaandikwe pembeni. Mimi nilikatwa alama kwa kutia vivuli. Insha hii inadai kuwa historia ya sayansi katika eneo letu inaonyesha jambo jingine: kuchora ni njia ya kutafiti, si pambo la utafiti.

Mfano ni Jonathan Kingdon. Alizaliwa Tabora, Tanganyika, mwaka 1935, akasomea sanaa Uingereza, na kuanzia 1960 akafundisha sanaa Makerere, Kampala. Aliingia katika elimu ya wanyama kwa mlango wa uchoraji. Hata hivyo, ndiye aliyeandika na kuchora East African Mammals, vitabu saba vilivyotoka kati ya 1971 na 1982. Alimchora mnyama akiwa hai, kisha akachora mifupa na misuli yake. Mkono ulipofuata msuli wa taya, swali lilizuka: taya hili limeumbwa litafune nini? Alipochora nyuso za kima wa misituni, alihoji kwa nini rangi zao zinatofautiana, akaeleza kuwa ni ishara wanazotumia kuwasiliana.

Kingdon aliondoka Makerere mwaka 1973, wakati wa utawala wa Idi Amin, na baadaye akafanya kazi Oxford. Vitabu viliendelea kutoka. Hakuwa mkimbizi kama sisi, wala njia yake haikuwa nyembamba kama yetu. Lakini chombo chake kikuu kilikuwa penseli, na hicho hata Nakivale kinapatikana.

Huenda mtu akasema kuwa siku hizi kamera ya simu inatosha. Picha humwonyesha mnyama mmoja kwa dakika moja. Mchoro hukusanya yale ambayo mchoraji ameyaona kwa siku nyingi, tena humlazimu kuamua lipi ni la maana.

Kutoka Mbarara, Hifadhi ya Ziwa Mburo, yenye swala pala na pundamilia, haiko mbali. Ziwa Nakivale lenyewe lina samaki na ndege. Kwa hiyo nawaomba wahadhiri wetu wapokee daftari la michoro kama ushahidi wa uchunguzi, na wenzangu tuanze kulijaza sasa.