Steringi aliyevunjika paja

Jumamosi ya tarehe 3 Aprili 1971, saa moja na nusu usiku, watoto wa Japani waliona kwenye televisheni shujaa mwenye sura ya panzi: macho mekundu makubwa, skafu nyekundu shingoni, pikipiki chini yake. Kipindi kiliitwa Kamen Rider. Kilitungwa na mchora katuni Shotaro Ishinomori, na kampuni ya Toei ikakitengeneza. Ndani yake mwanafunzi Takeshi Hongo anatekwa na genge la Shocker na kugeuzwa nusu mtu nusu mashine, kisha anatoroka na kuwageukia waliomteka.

Hongo alikuwa Hiroshi Fujioka, kijana wa miaka 25 kutoka mkoa wa Ehime, kisiwani Shikoku. Alikuwa amepita studio za Shochiku bila jina lake kuvuma sana. Kwenye kazi hii mpya hakukubali kuonyesha uso tu. Alivaa mwenyewe vazi zito na kinyago, akapigana mwenyewe, akaendesha pikipiki mwenyewe.

Hapo ndipo balaa lilipomkuta. Wakipiga picha za sehemu ya 9 na ya 10, pikipiki ilimshinda, akaanguka na kuvunjika paja vibaya. Kipindi kilikuwa bado kichanga, na mhusika mkuu yuko kitandani hospitalini. Watengenezaji waliunga picha zake za zamani, sauti akatiliwa na mtu mwingine, lakini ujanja huo usingefika mbali.

Wapo waliotaka Hongo afe. Mtayarishaji Toru Hirayama alikataa: watoto wangevunjika moyo. Sisi tuliokulia kwenye vibanda vya video tunaijua sheria hiyo, kwamba steringi, yaani mhusika mkuu, hafi. Basi ikasemwa Hongo amekwenda Ulaya kupambana na Shocker huko, na kuanzia sehemu ya 14 akaingia Rider wa pili, Hayato Ichimonji, aliyeigizwa na Takeshi Sasaki.

Sasaki hakuwa na leseni ya pikipiki. Jambo dogo, lakini lilibadilisha kila kitu. Hongo alikuwa akigeuka kwa nguvu ya upepo uliopiga mkanda wake akiwa kwenye mwendo; huyu mpya ilibidi ageuke akiwa amesimama. Wakamtungia ishara: mikono miwili inanyooshwa upande mmoja, inazungushwa juu ya kichwa hadi upande wa pili, ngumi zinakazwa, na neno moja linatamkwa kwa sauti, “Henshin!”, yaani kubadilika. Watoto wakaiiga kila mahali. Fujioka aliporudi, naye akapewa ishara yake: mkono wa kulia unapanda, unakata hewa taratibu kama mshale wa saa, kisha kwa ghafla unarudi kiunoni na wa kushoto unachomoka. Mpaka leo karibu kila Rider mpya ana ishara yake, na naamini bila ajali ile tusingekuwa nazo.

Kipindi kilimalizika Februari 1973 baada ya sehemu 98. Mwaka huohuo Fujioka aliigiza kama mhusika mkuu kwenye filamu ya Nippon Chinbotsu, inayosimulia Japani ikizama baharini, na mwaka 1984 akaigiza Marekani kama samurai aliyeganda kwenye barafu miaka 400. Kizazi kingine kilimjua kwa matangazo ya mashine ya michezo ya video ya Sega Saturn ya 1997 na 1998, akiwa Segata Sanshiro, mwanajudo anayewabwaga vijana wasiocheza mashine hiyo. Katika tangazo la mwisho analidaka kombora lililolenga makao makuu ya Sega na kupaa nalo hadi angani.

Machi 2016 ilitoka filamu Kamen Rider 1. Fujioka alikuwa na miaka 70, mwili umejaa, sauti imekuwa nzito. Hongo anarudi Japani baada ya miaka mingi ya vita ugenini ili kumlinda binti wa shule, mjukuu wa Tobei Tachibana, yule mzee aliyemfundisha pikipiki mwaka 1971. Anavaa kofia ngumu, anapanda pikipiki, anawasha.