Habari za Ua la Mateso

Tunda la pasheni, ambalo wengine huliita pesheni na wengine karakara, halikosekani sokoni kwetu, na watu wengi hunywa maji yake pasipo kuuliza jina hilo lilitoka wapi. Waliosoma Kiingereza kidogo hukisia. Wajua ya kuwa neno hilo kwa Kiingereza huweza kuwa na maana ya ashiki, basi husema kwamba hili ni tunda la mapenzi. Sivyo. Neno hilo lina maana nyingine iliyo ya kale zaidi, nayo ni Mateso ya Bwana wetu. Tena hapo mwanzo jina halikuwa la tunda, bali la ua.

Mmea wenyewe hutambaa, na asili yake ni Amerika ya Kusini. Wenyeji wa Brazil wenye lugha ya Kitupi walikuwa na jina lao la tunda hili, na Wareno walipolisikia wakalitamka maracujá. Jina hilo limesafiri hata likafika kwa jirani zetu: katika Burundi, Rwanda na mashariki ya Kongo watu husema marakuja. Kwa hiyo jirani zetu wamelitunza jina la wenyeji, nasi tumelitunza jina la mapadri. Wahispania wao walipolipasua tunda na kuona punje nyingi zenye majimaji, wakaliita granadilla, maana yake komamanga dogo.

Padri José de Acosta wa shirika la Wajesuiti, aliyekaa Peru miaka mingi, alitaja ua hili katika kitabu alichokitoa mwaka 1590. Alisema kwamba watu huona ndani yake alama za Mateso, wala hawakosi kabisa, ila yapasa mtazamaji asaidiwe na uchaji wake kidogo. Mimi nampenda Acosta kwa neno hilo. Yeye alikuwa ameishi katika nchi ya ua lenyewe, na aliyekaa karibu na kitu hukisifu kwa kiasi.

Huko Roma mambo yalikuwa mengine. Alikuwako mwandishi aitwaye Giacomo Bosio, aliyekuwa akitunga kitabu kikubwa juu ya Msalaba. Padri mmoja aliyetoka Meksiko akamwonyesha picha za ua hili. Kwanza Bosio hakusadiki, akadhani mchoraji ametia chumvi. Lakini wengine waliokuja kutoka nchi zile walipomhakikishia, akaliweka katika kitabu chake, kilichotoka mwaka 1610. Nyuzi zizungukazo ua zikasemwa kuwa ni taji la miiba, naye akazihesabu 72, kama mapokeo ya zamani yalivyohesabu miiba yenyewe. Kijiti kisimamacho katikati ni nguzo aliyofungwa Bwana, vichwa vitatu vya juu ni misumari, na vile vitano vya chini yake ni madonda matano. Watu wakazidi kuongeza: majani yenye ncha ni mkuki, na vikono vya kutambalia ni mijeledi. Petali kumi wakasema ni mitume kumi, Petro akiachwa kwa kuwa alikana, na Yuda kwa kuwa alisaliti.

Bosio aliona pia kwamba ua hujifunga likafanana na kengele, akasema huenda Mungu alitaka siri hiyo ifichike kwa wapagani mpaka wakati wake. Hapa siwezi kumfuata. Wapagani hao walikuwa wamelijua ua, wamelila tunda na kulipa jina kabla mtu yeyote wa Roma hajaiona hata picha yake. Na mataifa mengine nayo yalipolipata yaliona ya kwao: Wajapani huliita ua la saa, kwa kuwa vile vitatu hufanana na mishale ya saa, Wahindi huziona zile nyuzi kuwa Wakaurava mia, na vile vitano kuwa Wapandava watano wa hadithi yao ya vita.

Mwaka 1753 Linnaeus wa Uswidi aliuandika ukoo wa mmea huu kwa Kilatini, Passiflora, yaani ua la mateso, na mwaka 1818 John Sims wa Uingereza akaiita aina yetu edulis, yaani iliwayo. Ndivyo ua lilivyolipa tunda jina lake. Tunda likaenea: Australia lilikuwa limestawi kabla ya mwaka 1900, na kutoka huko likapelekwa visiwa vya Hawaii mwaka 1880. Katika Kenya kilimo chake cha biashara kilianza mwaka 1933, katika nchi za juu, na mwaka 1960 kikaingia Uganda.

Kwa nini nchi za juu? Kwa sababu pasheni ya zambarau haipendi joto jingi. Mtu wa pwani akiipanda huona majani mengi na matunda machache. Iliyofaa kwa pwani ni ya manjano, nayo ina tabia yake: ua lake halizai kwa chavua ya mmea ule ule. Apandaye mmoja peke yake ukutani pa nyumba atapata maua tu, kisha ataukata akisema ni tasa, kumbe umekosa mwenzi. Apande miwili au mitatu iliyotoka katika mbegu za matunda mbalimbali.

Ua hilo hufunguka karibu na saa sita mchana na kufunga usiku. Likiisha kufunguka, ile iliyoitwa misumari mitatu huinama polepole mpaka ikawa karibu sawa na yale madonda matano, ambayo ndiyo yenye chavua. Nyuki mkubwa mweusi, yule atoboaye mbao, huingia chini yake kunywa asali; mgongo wake hupakwa chavua, akaenda kuifuta katika ua jingine. Nyuki wadogo wa mzinga hukusanya chavua bila kugusa vichwa vya juu. Ua ambalo misumari yake haikuinama kwa kawaida halizai. Mahali pasipo nyuki wakubwa, mkulima huchukua chavua kwa kidole baada ya adhuhuri na kuipaka katika maua ya mmea mwingine, moja moja.

Kazi hiyo huchosha. Wakulima wengine huwaita nyuki wenyewe: huacha vipande vya magogo makavu ya mti laini karibu na nyaya za kutambalia, wala hawapigi dawa ya wadudu mchana maua yakiwa wazi. Nyuki hutoboa magogo hayo, wakataga mayai humo.