Mbolea nyingi huangamiza dungusi

MBOLEA inayostawisha mahindi shambani yaweza kuliua dungusi lililopandwa kwenye chungu nyumbani.

Mmea huu, ambao wengi huuita kaktasi, asili yake ni bara la Amerika, ambako aina nyingi huota mahali pakavu penye mawe na rutuba haba. Ndiyo sababu hukua polepole na kuhitaji chakula kidogo.

Hata hivyo, mizizi iliyo chunguni haiwezi kusaka chakula mbali. Udongo ukikaa muda mrefu bila kubadilishwa, rutuba yake huisha, na hapo mbolea huhitajika.

Kabla ya kununua, soma tarakimu tatu zilizoandikwa kwenye pakiti. Ya kwanza huonyesha kiwango cha naitrojeni, ya pili fosforasi na ya tatu potasiamu.

Naitrojeni hukuza shina upesi. Ikizidi, shina huwa laini, hupasuka na kuoza kwa urahisi. Fosforasi nayo husaidia mizizi na maua, ilhali potasiamu huimarisha mmea.

Kwa hivyo, chagua mbolea ambayo tarakimu yake ya kwanza ni ndogo kuliko zinazofuata, kwa mfano 5-10-10. Epuka urea, yenye asilimia 46 ya naitrojeni, pamoja na CAN. Samadi mbichi pia haifai kwani huunguza mizizi.

Mbolea ya maji ndiyo rahisi kupima. Tumia nusu ya kipimo kilichopendekezwa kwenye chupa, mara moja kwa mwezi, wakati mmea unapokua. Tangulia kunyunyizia udongo maji, kwa kuwa mbolea ikimwagwa kwenye udongo mkavu huweza kuunguza mizizi.

Katika maeneo ya baridi kama vile Limuru, sitisha mbolea kuanzia Juni hadi Agosti. Aidha, dungusi lililohamishiwa chungu kipya lisubiri angaa mwezi mmoja.

Ukiona ukoko mweupe juu ya udongo, huenda ni chumvi ya mbolea iliyorundikana. Mwagilia maji mengi hadi yatiririke kupitia matundu ya chini, kisha uache udongo ukauke kabisa.

Na iwapo shina limelegea na kuanza kuoza, usikimbilie mbolea. Mara nyingi kiini ni maji kupita kiasi, na mbolea itazidisha madhara.