Vyama vya Kusaidiana na Sheria Zake: Funzo la Historia kutoka Usambara

1. Utangulizi

Miaka kadhaa iliyopita, nilipokuwa nikitumika katika usharika mmoja wa milima ya Usambara, niliitwa kusuluhisha ugomvi uliohusu fedha za kikundi cha kuzikana. Wanakikundi walikuwa wamechanga kwa muda mrefu. Kwa kuwa kikundi chao hakikuandikishwa popote, fedha ziliwekwa benki kwa jina la mwekahazina. Mwekahazina akafariki ghafla, na watoto wake, wasiojua habari za kikundi, wakaihesabu akiba ile kuwa urithi wa baba yao. Ushahidi wa wanakikundi ulikuwa daftari moja tu, nalo lilikuwa limenyeshewa mvua. Nilizihubiria pande zote mbili upatanisho, lakini swali la mjane mmoja lilinishinda. Aliniuliza, "Baba Mchungaji, je, serikali inatujua sisi?"

Makala hii inajaribu kumjibu mama yule kwa njia ya historia. Tutatazama jinsi sheria zilivyohusiana na vyama vya kusaidiana katika nchi yetu, hasa kwa macho ya mtu wa Lushoto, na kuuliza kila mara: sheria hii ilitungwa kumlinda nani?

2. Kusaidiana kabla ya sheria ya kuandikwa

Wasambaa walikuwa na taratibu za kusaidiana kabla ya mgeni yeyote kuwaandikia kanuni. Katika ngemo, majirani walikusanyika kulima shamba la mmoja wao au kumjengea nyumba, na mwenye kazi aliwaandalia chakula na kinywaji. Katika msaragambo, watu walitoka kwa kazi ya wote, kama vile mfereji au njia. Asiyetokea hakupelekwa mbele ya hakimu. Adhabu yake ilikuwa kujikuta peke yake siku ya haja yake.

Aidha, kusaidiana huko kulikuwa ndani ya wazo kubwa zaidi. Wasambaa walisema juu ya kuzifya shi, yaani kuiponya nchi, na kinyume chake kubana shi, yaani kuiharibu. Mfalme wa Kilindi kule Vuga alipimwa kwa kipimo hicho: je, utawala wake unaleta mvua na shibe, au unaleta njaa na ugomvi? Tutaona kwamba hata sheria inaweza kupimwa kwa kipimo hicho hicho.

3. Urithi wa Matengenezo

Sisi Walutheri tuna sababu ya pekee ya kulijali jambo hili. Mwaka 1519 Martin Luther aliandika juu ya Meza ya Bwana, na humo akavishutumu vyama vya kidugu vya wakati wake, kwa kuwa sikukuu zao zilikuwa karamu za ulafi na ulevi. Hata hivyo, hakusema vyama vyote vifutwe. Alishauri kwamba fedha zilizomwagwa katika pombe ziwekwe katika hazina ya pamoja, kila kundi la mafundi na yake, ili fundi mwenzao akipatwa na shida asaidiwe.

Mwaka 1523 usharika wa Leisnig, katika Saxony, ulitunga kanuni za sanduku la pamoja, na Luther akaziandikia utangulizi. Wasimamizi walikuwa 10: wawili wa ukoo bora, wawili wa baraza la mji, watatu raia wa mji na watatu wakulima wa vijijini. Sanduku lilikuwa na kufuli nne, na kila kundi lilishika ufunguo wake. Hakuna mtu, hata awe mtakatifu kiasi gani, aliyeweza kulifungua peke yake. Lakini baraza la mji lilikataa kukabidhi mali iliyotakiwa, na Luther akalazimika kumwandikia mtawala wa Saxony kuomba mpango ule uthibitishwe. Upendo ulikuwapo, na kanuni zilikuwapo. Kilichokosekana ni mamlaka ya kuzitia nguvu.

Uingereza, Bunge lilipitisha mwaka 1793 sheria ya vyama vya kusaidiana vya watu wa kazi. Vyama vilivyowasilisha kanuni zao vilipewa haki ya kulinda fedha zao mbele ya mahakama. Pamoja na hayo, ilikuwa miaka ya mapinduzi ya Ufaransa, na watawala walipenda kujua maskini wanakutana kwa shabaha gani. Hivyo tangu mwanzo sheria za namna hii zilikuwa na nyuso mbili: ulinzi na upelelezi.

4. Wakati wa ukoloni

Wamisionari wa Bethel walifika Mlalo mwaka 1891, na kuanzia mwaka 1896 pale Lutindi waliwatunza watoto waliookolewa katika utumwa. Lakini sheria ya serikali ya Kijerumani haikumjia Msambaa kama mlinzi wa umoja wake. Ilimjia kama kodi, na tena kama kadi ya kazi iliyomlazimu kumtumikia mlowezi siku 30 katika kila miezi minne. Siku ambazo angemlimia jirani yake zilihesabiwa kwa faida ya mwingine.

Baada ya Waingereza kuitwaa nchi, miji ya pwani kama Tanga ilikuwa na vyama vya ngoma ya beni, ambavyo pamoja na kucheza viliwauguza na kuwazika wanachama waliokuwa mbali na kwao. Mwaka 1932 ilitungwa sheria ya vyama vya ushirika, na mwaka uliofuata wakulima wa kahawa wa Kilimanjaro wakaandikisha chama chao cha KNCU. Sheria ile iliwapa wakulima chombo cha kuuza mazao na kukaguliwa hesabu. Wakati huo huo iliwaweka chini ya jicho la Mrajisi.

Huku Usambara, sheria ilionyesha uso wake mkali katika mpango wa hifadhi ya udongo, ulioanzia Mlalo mwaka 1946. Wakulima waliamriwa kuchimba matuta, na aliyekaidi alitozwa faini. Udongo ulihitaji kweli kuhifadhiwa. Lakini kazi ambayo ingeweza kuwa msaragambo iligeuzwa kuwa shokoa, na watu wakaona kwamba nchi inaharibiwa kwa jina la kuiponya. Mpango huo uliachwa katika miaka ya 1950.

Sheria iliyoacha alama ya kudumu zaidi ni ile ya vyama ya mwaka 1954. Ilitungwa wakati Kenya ilipokuwa katika hali ya hatari iliyotangazwa Oktoba 1952. Kila jumuiya isiyoandikishwa chini ya sheria nyingine ilitakiwa kujiandikisha. Msajili aliweza kukataa, na chama kilichotangazwa kuwa haramu kiliwatia wanachama wake hatarini. Mwaka huo huo wa 1954 TANU ilianzishwa, ikalazimika kupita katika mlango huo, na matawi yake ya Usukuma yakanyimwa kibali kwa miaka kadhaa. Kwa hiyo chama cha siasa na chama cha kununua sanda vilipimwa kwa mizani moja, nayo ilikuwa mizani ya amani ya mtawala.

5. Baada ya Uhuru

Ingetazamiwa kwamba mizani hiyo ingetupwa mwaka 1961. Haikutupwa. Sheria ya mwaka 1954 iliendelea kutumika. Mwaka 1969 Chama cha Maendeleo ya Ruvuma, ambacho vijiji vyake vilikuwa vikiishi ujamaa kwa hiari, kilivunjwa. Mwaka 1975 sheria ya vijiji ilikifanya kijiji chenyewe kuwa chama cha ushirika, na mwaka 1976 vyama vikuu vya ushirika vikafutwa. Sheria ya mwaka 1982 ilivirudisha, na ile ya mwaka 1991 ikasisitiza tena hiari ya wanachama.

Haki ya kujumuika iliingizwa katika Katiba mwaka 1984. Hata hivyo, Baraza la Wanawake Tanzania, BAWATA, lilifutwa mwaka 1997 kwa sheria ile ile ya vyama, na Mahakama Kuu ilitoa hukumu ya kulipa haki mwaka 2009. Haki iliyochelewa kwa miaka 12 inatufundisha kwamba kuandikwa katika daftari la serikali si sawa na kulindwa nayo.

6. Kikundi kidogo chapata jina

Tangu mwanzo wa karne hii vikundi vya VICOBA vimeenea mijini na vijijini. Wanachama hununua hisa, hukopeshana na huweka mfuko wa jamii kwa ajili ya ugonjwa na msiba. Fedha zao hukaa katika sanduku lenye kufuli tatu, na funguo hushikwa na watu watatu tofauti. Msomaji atakumbuka Leisnig.

Sheria ya huduma ndogo za fedha ya mwaka 2018 iliviweka vikundi vya kijamii vya namna hii katika daraja la nne, chini ya Benki Kuu, na kazi ya kuvisajili ikakasimiwa kwa halmashauri. Mwaka 2019 Bunge lilirekebisha kwa pamoja sheria za vyama, za mashirika yasiyo ya kiserikali na za wadhamini, ili kila aina ya jumuiya ijue mlango wake. Kikundi kidogo hatimaye kimepata jina katika sheria. Lakini kikundi kisichokopesha, kinachochanga tu siku ya msiba, mara nyingi bado huishi kwa uaminifu na daftari.

7. Hitimisho

Tumeona kwamba sheria zetu kwa sehemu kubwa zilizaliwa na hofu ya watu wanaokutana, na ni polepole tu zimejifunza kumlinda mchangaji. Kutoka katika historia hii natoa mashauri matatu kwa watumishi wenzangu.

Kwanza, tusiwatishe washarika kwa neno "usajili", wala tusiwafundishe kulikwepa. Waswahili husema, mali bila daftari hupotea bila habari. Pili, mchungaji asishike ufunguo. Mitume katika Matendo, sura ya 6, waliposikia manung'uniko ya wajane walitaka wachaguliwe wengine wenye sifa njema, wao wakabaki na Neno. Tatu, Kanisa, ambalo lenyewe hushika mali zake kwa njia ya wadhamini walioandikishwa, lina wajibu wa kuwaonyesha wanyonge njia ambayo limekwisha kuipita.

Ugomvi niliousimulia uliisha baada ya watoto wa marehemu kukubali kurudisha sehemu ya fedha. Sehemu nyingine haikupatikana. Mama yule sikumjibu siku ile. Leo ningemwambia: serikali yaweza kuwajua, mama, lakini yafaa ninyi mtangulie kujuana kwa maandishi, na mimi niliyewazika wafu wenu ningaliwaambia hivyo mapema.